Ukoo wa Mbwa Niliouficha

Kitabu kile kilikuwa na jalada jeusi, na kona zake zilikuwa zimeliwa na mende. Kila ukurasa ulikuwa wa mbwa mmoja: siku aliyozaliwa, baba yake, mama yake, babu na bibi wa pande zote mbili, rangi yake, maradhi aliyougua, na mwisho kabisa, kwa wino mwekundu, kilichomuua. Nilikiandika mimi kwa miaka sita. Kwa hiyo siwezi kusema sikujua.

Shamba lenyewe lilikuwa kando ya barabara inayotoka Makambako kwenda Njombe, mahali ambapo nchi inaanza kupanda na baridi inaanza kuuma masikio. Ilikuwa miaka michache baada ya vita kubwa, Mwingereza angali anatawala. Mwenye shamba alikuwa Mzungu mrefu, mkimya, tuliyemwita Bwana tu. Alifuga kondoo wa sufu, na alifuga mbwa wa kuwachunga. Mbwa hao ni wale wenye masikio ya kusimama, mkia mzito na mgongo unaoteremka kuelekea nyuma, ambao siku hizi mnawaona wakiwa na askari polisi. Alituambia kwamba huko Ulaya asili ya kazi yao ni kondoo. Kondoo aliwapenda kwa ajili ya sufu. Mbwa aliwapenda bure.

Mimi nilikuwa karani wake. Nilikuwa nimesoma hadi darasa la kumi, na upande wetu sisi tuliofika hapo tulihesabika kwa vidole vya mkono mmoja. Nilivaa kaptura ya kaki iliyonyooshwa kwa pasi, soksi ndefu, na kalamu mfukoni. Nilitaka watu waone. Waliona, wakanisalimia kwa heshima, kisha wakageuka kumtazama mchunga kondoo.

Yeye alikuwa rika langu. Tulibatizwa siku moja katika kanisa moja la Kilutheri, mama zetu wakiwa wamekaa benchi moja. Aliacha shule darasa la pili. Alivaa blanketi na hakuwa na viatu, na visigino vyake vilikuwa na mipasuko ya kuingia punje ya mahindi. Lakini akisimama kilimani na kupiga mluzi mmoja mfupi, mbwa wanne walitawanyika, wakawazunguka kondoo mia tatu na kuwaleta zizini bila kumng'ata hata mmoja. Mimi niliyewajua mbwa hao kwa majina yao, ya baba zao na ya babu zao, wakiniona walinibwekea. Walinibwekea kila asubuhi kwa miaka sita.

"Ni ule wino," aliniambia siku moja mbele ya wakata manyoya. "Mbwa hawaupendi. Jipake mafuta ya kondoo kidogo, mheshimiwa, watakuzoea."

Watu walicheka, na mimi nilicheka. Nilipobaki peke yangu ofisini niliinusa mikono yangu.

Wivu wangu haukuanza siku moja. Ulijazwa kidogo kidogo, kama ulanzi, pombe ya mianzi, unavyodondoka kwenye kikombe cha mwanzi. Wageni wa Bwana walikuja kutoka Iringa na kamera. Walimpiga picha mchunga kondoo na mbwa wake, na mmoja wao akaniashiria kwa mkono nisogee, nilikuwa nimesimama kwenye njia ya mwanga. Bwana alimketisha kwenye ngazi za baraza yake wakanywa chai wakizungumza habari za malisho, mtu asiyejua Kiingereza na mtu aliyejua Kiswahili cha kuamrisha tu, na walielewana. Mimi niliyeweza kuzungumza naye Kiingereza chake sikuwahi kukalishwa. Mama yangu mzazi, nikirudi nyumbani Jumapili, kabla ya kuniuliza habari zangu aliuliza habari za mchunga kondoo, kwa sababu hapiti mlangoni kwetu bila kumchekesha. "Huyo ana mkono mwema," alisema mama. Sikumbuki akisema mimi nina nini.

Nirudi kwenye kitabu. Mwaka wangu wa kwanza nilidhani nimekosea kunakili. Niliona jina la dume mmoja limeandikwa mahali pa baba na pia mahali pa babu. Nilimpelekea Bwana kitabu nikamwonyesha kosa. Alitazama akasema si kosa. Alimzalisha dume yule na binti yake mwenyewe, na baadaye na mjukuu wake, ili ule mteremko wa mgongo na ile rangi ya kijivu visipotee. Nilisema ndiyo, Bwana, nikaondoka nikiwa nimeshangaa. Sisi Wabena hata binti wa ukoo wa mbali hatumwoi mpaka wazee wakae wahesabu. Huyu alikuwa ameandika ukoo wote kwa tarehe, halafu akaufunga ndani ya chumba kimoja.

Matokeo yake niliyaandika mimi. Mbwa wa kijivu, wale wazuri, walianza kuvuta miguu ya nyuma wakiwa hawajafika miaka miwili. Nyonga zilikuwa hazikai sawasawa kwenye matundu yake. Majike walipata uvimbe kwenye chuchu. Mganga wa mifugo wa serikali aliukata, ukarudi, ukaenda mapafuni. Neno alilolitumia nililitafuta kwenye kamusi ya ofisini, nikajua ndio ugonjwa ambao kwetu uliitwa kidonda kisichosikia dawa na siku hizi tunauita saratani. Mama, binti, mjukuu, wote kwa wino mwekundu. Wale wa kuzalishwa walifungiwa nyuma ya nyumba ya Bwana, mbali na zizi, na walipoondolewa wachungaji hawakuambiwa kilichowaua. Kulikuwa na jike mmoja mweusi, asiye na umbo la kupendeza, aliyeletwa kutoka shamba la mbali na asiye na damu ya wale. Ukurasa wake ulikuwa mtupu. Hakuugua kitu. Mama yake, barua ilisema, alikufa kwa uzee akiwa na miaka kumi na mitatu.

Mwaka wangu wa sita mchunga kondoo alimwambia Bwana kwamba anaondoka. Baba yake alikuwa amemwachia mgongo wa mlima upande wa Njombe, majani mengi na kijito, na kwa miaka yote hiyo Bwana alikuwa amemruhusu kuchanganya kondoo wake wachache na kundi la shamba. Walikuwa wamefika thelathini na mmoja. Alitaka kuwa na kundi lake, asimchungie mtu tena. Hakuna mtu wa kwetu niliyemjua aliyekuwa amefanya hivyo. Kilichobaki ni mbwa, kwa sababu mlimani kule kulikuwa na chui na fisi, na mtu mmoja bila mbwa hawezi kulinda kondoo waliotawanyika kwenye ukungu. Bwana alimpa zawadi: achague mtoto mmoja wa mbwa kati ya majike wawili waliokuwa na miezi minne. Mmoja alikuwa wa kijivu, wa ukoo mkubwa. Mwingine alikuwa mtoto wa yule jike mweusi.

Asubuhi iliyofuata na mimi niliomba. Nilisema kwa Kiingereza, kwa adabu, kwamba ningependa mbwa atakayebaki. Bwana alinitazama kama mtu anayejaribu kukumbuka jambo. Aliniuliza mbwa nitamfanyia nini. Mbwa ni wa watu wa nje, alisema, na mimi ni mtu wa ndani.

Mchunga kondoo alikuja ofisini Jumamosi ya wiki ile, mchana, Bwana akiwa safarini. Alikuwa amebeba jembe. Kwetu watu wakienda kuposa, jembe ndilo linalofungua mazungumzo. Aliliegemeza kwenye mlango, akapiga hodi taratibu, akasalimia kwa sauti ya mzee wa posa.

"Kamwene."

"Kamwene," nilijibu. "Jembe la nini? Hapa hapalimwi."

"Nimetumwa kuuliza habari za nyumba ya watu. Kuna kijana wetu ameona msichana. Sasa tunataka kujua, kwao wakoje?"

"Kijana mwenyewe ana viatu?"

"Hana. Ndiyo maana wamemtuma mshenga mwenye sura nzuri."

Tulicheka wote wawili. Lakini nilijua kwamba chini ya mzaha hakuwa anatania. Kabla ya posa mtu hutumwa kwa jirani wa ile nyumba, au kwa yeyote anayewajua, aulize: kuna kifafa kule? Kuna ukoma? Wanawake wao wanazaa salama? Bibi yake alikufa kwa nini? Na aliyeulizwa hujibu kweli, hata kama ile nyumba ni ya rafiki yake, maana akificha watakaoteseka ni watoto ambao bado hawajazaliwa. Nimewaona watu waliogombana miaka mingi wakijibizana kweli juu ya jambo hili moja. Mchunga kondoo alilichukua jambo la binti za watu akalileta kwa mbwa, na hakuona ajabu.

Alikaa kwenye kiti cha wageni, kitu ambacho hakuwahi kufanya, akaacha sauti ya uzee.

"Jicho langu linamtaka huyu mweusi," alisema. "Anatembea vizuri. Wa kijivu ni mzuri kuliko wote niliowahi kuwaona, lakini akikimbia anarusha miguu yote miwili ya nyuma pamoja, kama sungura. Sijui. Ndiyo nikasema niende kwenye kitabu. Nisomee, ndugu yangu. Mama yake wa kijivu alikufa kwa nini?"

Nilifungua ukurasa. Ulikuwa mwekundu kwa mwandiko wangu mwenyewe. Mama: uvimbe kwenye chuchu, ukakatwa, ukarudi, akapigwa risasi akiwa na miaka sita. Bibi: uvimbe huo huo. Ndugu wawili wa mzao wa kwanza: nyonga, risasi. Babu wa kuumeni na babu wa kukeni: dume mmoja.

Nimejiuliza maisha yangu yote nilikuwa na nafasi kiasi gani pale kati ya swali na jibu. Ilikuwa ndefu. Nilimwona kwenye mgongo wa mlima wake, kundi limefika mia, watu wanapanda kwenda kumtazama, mama yangu miongoni mwao. Nilimwona hana haja ya Bwana wala ya barua ya mtu. Na mimi nimekaa pale pale, ndani.

"Uzee," nilisema.

"Na bibi yake?"

"Uzee pia. Ni ukoo mkubwa huo, Bwana mwenyewe anajivunia."

"Hakuna neno juu ya miguu?"

"Hakuna."

Alijikuna kidevu. "Na huyu mweusi?"

"Huyo wa kawaida tu. Ukurasa wake hauna kitu." Hilo lilikuwa kweli, na nililisema kwa sauti ya kumdharau mbwa.

"Basi jicho langu limekosea," alisema akiinuka. "Wewe ndiye uliyesoma."

Alilichukua tena jembe, kwa sababu lilikuwa la mama yake wa kambo, naye alikuwa amemwonya alirudishe mapema, viazi vinasubiri kupandwa. Nilimsikia akipiga mluzi kuelekea bandani. Jumatatu alimchukua wa kijivu. Bwana, kwa kuwa hakupata mtu mwingine, alinikabidhi mweusi, akisema pengine atanitoa nje kidogo.

Mwaka ule ule nilipata kazi ya ukarani bomani Njombe, nikahamia upande unaoitwa Ramadhani. Mbwa wangu alikua. Alikuwa na miguu imara na manyoya ya kung'aa, alipanda na kushuka vilima bila kuhema, na hakuugua hata siku moja. Majirani walinisifu. Kila waliponisifu nilimkumbuka yule wa kijivu, na sikuweza kumpapasa mbwa wangu kwa furaha. Alilala mlangoni kwangu bila kazi, mnyama aliyeumbwa kuchunga, akiwaangalia kuku.

Kule mlimani mwaka wa kwanza ulikuwa mzuri. Nilikwenda kumtembelea, nasema kweli, ili nione kama amekwisha kuharibikiwa. Kondoo walikuwa arobaini na wanne. Mbwa wa kijivu alikimbia kwa mruko ule wa sungura, lakini alikimbia. Mke wa mchunga kondoo alinipa maziwa na viazi vya kuchemsha. Mama yake wa kambo, mjane mwenye maneno, alikuwa amekaa juani. Alimtazama mbwa akilamba bakuli akasema kwa sauti watu wote wasikie, "Huyu anakunywa maziwa, mimi nakula mboga. Nikifa nizaliwe mbwa wa kizungu." Watu walicheka sana. Mimi nilirudi nyumbani na wivu wangu, nimeupa chakula.

Mwaka wa pili alikuja mjini siku ya gulio akanitafuta bomani. Mbwa alikuwa anashindwa kuinuka asubuhi. Alikuwa amemkanda kwa maji ya moto, amemchunguza nyayo, hajaona mwiba. Aliniuliza kama kwenye kile kitabu niliwahi kuona kitu cha namna hiyo. Nilimwambia hapana. Labda ni baridi ya kule juu, nilisema, atazoea. Uongo ule wa kwanza niliufanya kwa wivu. Huu wa pili niliufanya kwa kuogopa wa kwanza, na nadhani ulikuwa mbaya zaidi, kwa sababu mbwa yule hakuwa amezaa bado, na kama ningesema asingezalishwa.

Alizaa watano. Wote walikuwa wameombwa na ndugu tangu tumboni, maana kila mtu alitaka damu ile. Watatu walivuta miguu kabla ya mwaka kwisha. Hapo maneno yakaanza. Mbwa mmoja akichechemea ni ajali, lakini mama na watoto, katika nyumba tofauti, vilima tofauti? Watu walisema kuna mkono wa mtu.

Mchunga kondoo aliendelea miaka mitatu mingine hivyo hivyo, yeye mwenyewe akikimbia badala ya mbwa. Chui alichukua wanane katika msimu mmoja wa ukungu. Fisi walichukua wana-kondoo. Mwaka wa tano mbwa akapata uvimbe kwenye chuchu, mdogo kama harage, kisha kama yai, ukapasuka. Wazee wa ukoo walikaa. Walisema hii ni husuda, jicho la mtu aliye karibu. Wakatafuta ni nani aliyewahi kusema neno juu ya mbwa yule, wakakumbuka yale maneno ya mama wa kambo, na kicheko kile cha watu wengi kikawa ushahidi.

Haya nilisimuliwa na mchunga kondoo mwenyewe, amekaa kwenye kizingiti changu na kichwa cha mbwa wangu kwenye goti lake. Mbwa wangu hakuwahi kuweka kichwa kwenye goti langu. Mama yake wa kambo, alisema, alikuwa ameondoka siku tatu zilizopita kwenda kwa kaka yake Igwachanya, amebeba mkeka na chungu, na hakuna aliyemsindikiza.

"Na wewe unasemaje?" nilimwuliza.

"Nitasemaje? Amenilea yule mama. Lakini wote walinitazama mimi, wakangoja neno langu. Nikasema aende." Alimpapasa mbwa wangu sikio. "Huyu wako ni rika moja na wangu. Tazama miguu. Mungu amekupenda, ndugu yangu."

Wazee walikuwa sahihi kwamba ni husuda. Walikosea nyumba tu. Nilikuwa nimekaa naye hatua moja, ningeweza kusema. Niliinuka nikamletea chai.

Wiki mbili baadaye nilisikia bomani kwamba mbwa amekufa, kondoo saba waliobaki amewagawia ndugu za mke wake, na yeye ameandikishwa manamba. Lori la kwenda kwenye mikonge lilikuwa linakusanya watu Makambako, njia panda. Hapo ndipo nilipopata nguvu ya kusema. Sijui kwa nini hapo. Labda kwa sababu nilikuwa nimepata nilichokitaka, yeye hana mlima wala kundi, nikaona hakina ladha yoyote. Nilimfunga mbwa kamba, nikapata nafasi kwenye gari la kubeba mbao, nikashuka Makambako mchana, upepo unapeperusha vumbi.

Alikuwa amechuchumaa na wanaume wengine kando ya lori, anawachekesha. Aliponiona aliita, "Karani! Umeandikishwa na wewe? Watakupa mkonge wenye kivuli."

Nilimwomba tusogee pembeni. Nilimwambia yote nikiwa nimesimama, bila kutafuta maneno. Nilimwambia mama wa yule mbwa alikufa kwa nini, bibi kwa nini, ndugu kwa nini, dume mmoja mara mbili. Nilimwambia kwamba ule uvimbe ulizaliwa naye, ulikuwa katika damu kabla hajaletwa mlimani, na hakuna mwanadamu aliyemtupia. Nilimwambia jicho lake lilikuwa limeona sawa.

Alinisikiliza akiangalia chini. Kisha akauliza, "Siku ile nilipokuuliza habari za miguu, ulikuwa unaitazama hiyo karatasi?"

"Nilikuwa naitazama."

"Ilikuwa imeandikwa?"

"Ilikuwa imeandikwa. Niliandika mimi."

Nilimpa kamba. Hakuishika. Nilisema mbwa ni wake, alikuwa wake tangu mwanzo, na kwamba nitamsaidia aanze tena, asipande lile lori. Alitikisa kichwa.

"Kondoo wangu wamekwisha, na kondoo ni kondoo," alisema. "Lakini mama nimemfukuza kwa mdomo wangu huu. Usinifuate na mbwa. Nenda Igwachanya, umwambie mama kama ulivyoniambia mimi. Useme yote. Usije ukaacha hata mstari, kama ulivyozoea."

Alirudi kwa wenzake. Walipoanza kupanda, mbwa wangu alivuta kamba kumfuata, alivuta kwa nguvu zote, akalia. Nitakiri jambo hili pia, kwa sababu nimeahidi nafsi yangu kutoficha: hata pale, mtu yule anapelekwa kukata mkonge kwa kosa langu, nilimwonea wivu kwa ajili ya kilio kile.

Igwachanya nilifika kesho yake. Mama wa kambo alikuwa uani kwa kaka yake, anamenya viazi. Nilimsalimia, nikapiga magoti, nikasema yote. Hakuacha kumenya.

"Ulimwonea wivu wa nini, mwanangu?" aliuliza nilipomaliza. Hakuuliza kwa ukali. Alitaka kujua. "Yule? Hata viatu hana."

"Watu walimpenda, mama. Na mbwa."

"Mimi pia nilimwonea wivu. Nilimwonea yule mbwa, kwa ajili ya maziwa." Alitupa kiazi kwenye sufuria. "Nikasema mbele ya watu, tukacheka, ukaisha. Wewe wa kwako uliuweka wapi miaka yote hiyo?"

Alichukua kiazi kingine. Alisema harudi kule mlimani. Nyumba iliyomhukumu kwa neno moja hawezi kulala ndani yake, hata wakija na ng'ombe. Lakini niende nikawaambie wazee, kwa sababu ana wajukuu wa kike kule, na siku moja watu watakuja kuuliza habari za ile nyumba. Na mbwa nimwache, fisi wanasumbua.

Nilikwenda kwa wazee. Baadhi waliamini. Wengine walisema karani amenunuliwa na yule mama, kwani wapi umesikia ugonjwa wa mbwa umeandikwa kitabuni kabla haujatokea. Sijui hadi leo ni wangapi walibaki na imani yao. Yule mama alifia Igwachanya. Mbwa mweusi aliishi naye, na akabaki hai baada yake. Niliambiwa alikuwa anachunga mbuzi wa kijiji kizima bila mtu kumfundisha.

Mchunga kondoo alirudi baada ya miaka minne, amekonda, mikono imejaa makovu ya miiba. Hakuwa na kundi tena maisha yake yote. Alichunga ng'ombe wa wengine karibu na mjini, na Jumapili tulikutana kanisani. Alinisalimia vizuri kila mara, akaniuliza hali ya nyumbani, akaniuliza afya, akanipisha mlangoni nipite kwanza. Kisha alitoka nje, na huko nilimsikia akimwuliza mzee wa kanisa lile koti alizikwa nalo nani, akimwambia mwalimu kwamba ndevu zake zimesimama kama mahindi yaliyokosa mvua, na watu wakishika mbavu. Aliwatania wote, hata mke wangu, hata watoto wangu. Mimi aliniita bwana. Nilisimama pembeni na kofia mkononi, nikawaonea wivu wote waliokuwa wakitukanwa.